Dakika nne kwenye theluji: kumfundisha mtoto wa mbwa kwenda haja nje wakati wa baridi kali

Saa kumi na mbili asubuhi, mwezi Januari, mjini Minneapolis, jimbo la Minnesota. Nje bado giza. Kipimajoto kinaonyesha nyuzi 18 chini ya sifuri, yaani karibu sifuri kwa kipimo cha Farenhaiti kinachotumika Marekani, na mtoto wa mbwa wa wiki kumi amekaa kizingitini, hataki kutia mguu nje. Ukimbeba ukamweka kwenye theluji anainua mguu mmoja, kisha wa pili, anatetemeka, anakutazama. Dakika kumi zinapita bure. Unarudi naye ndani, na hujamaliza kuvua buti keshakojoa kwenye zulia.

Wengi hapo husema mbwa ni mkaidi. Ukaidi haumo kabisa. Kule nje mwili wake wote ulikuwa umejikunja kupambana na baridi, na mwili uliojikunja hauachii mkojo. Ndani, nyayo zilipopata joto, misuli ikalegea na mkojo ukatoka. Mbwa huyo hakukosea. Amejifunza kwa usahihi kwamba mahali pazuri pa kukojolea ni pale penye joto. Akirudia mara nne au tano atakuwa amezoea, na kumwachisha mazoea hayo ni kazi kubwa kuliko kumfundisha upya.

Wengi wetu tuliokulia Nairobi, Arusha au Bukavu hatukuwahi kuona mtu akimfundisha mbwa jambo hili. Mbwa wa kwetu analala bandani, usiku analinda ua, na haja zake ni shauri lake na ua. Huku Minnesota mbwa analala chini ya paa moja na watu, na kuanzia Novemba hadi Machi hakuna namna ya kumwacha mtoto wa mbwa ajitafutie mwenyewe. Baridi haimzuii kujifunza. Inakupunguzia muda tu. Mombasa unaweza kusimama naye chini ya mwembe dakika ishirini hadi haja imjie. Kwenye nyuzi 18 chini ya sifuri una dakika nne, pengine tatu. Kwa hiyo kazi karibu yote hufanyika kabla mlango haujafunguliwa: kujua saa ya kutoka, kuandaa mahali, na kuwa umevaa tayari.

Saa ya kutoka

Kuna kanuni ya kukadiria inayotumiwa sana: chukua umri wa mbwa kwa miezi, ongeza moja, hizo ndizo saa anazoweza kubana mkojo. Wa miezi miwili, saa tatu. Lakini huo ndio mwisho wa uwezo wake akiwa ametulia, si ratiba ya kufuata. Akiwa macho na anacheza, mtoe kila baada ya dakika 45 hadi 60. Akiamka usingizini, mtoe papo hapo, hata kama alilala robo saa tu. Akimaliza kula, haja huja kati ya dakika 5 na 30. Akimaliza mchezo wa kukimbizana, mtoe pia. Usiku, hadi atimize miezi minne hivi, tegemea kuamka mara moja au mbili.

Wakati wa joto unaweza kubahatisha, ukamtoa mara nyingi kuliko inavyohitajika bila hasara. Kwenye baridi kila safari ya bure ina gharama: mbwa anapoa, anachukia mlango, na safari inayofuata inakuwa ngumu zaidi. Ndiyo maana nashauri daftari dogo lining'inizwe mlangoni, lenye safu tatu: saa aliyokula au kunywa, saa aliyokojoa, saa aliyokwenda haja kubwa. Baada ya siku tano utaona mpangilio wake. Utagundua, kwa mfano, kwamba haja kubwa humjia dakika 20 baada ya chakula cha asubuhi lakini dakika 40 baada ya kile cha jioni. Ukishajua hilo unamtoa akiwa na haja ya kweli, na mbwa mwenye haja ya kweli hamalizi dakika mbili kwenye theluji.

Ratiba hiyo inawezekana tu kama chakula nacho kina saa zake. Mlishe mara tatu kwa siku, na sahani iondolewe baada ya dakika 15 hata kama amebakiza. Maji ni jambo jingine. Mitambo ya kupasha nyumba joto hukausha hewa, na chakula cha punje ni kikavu, kwa hiyo mbwa hunywa sana majira haya. Usimnyime maji mchana ili asikojoe. Hilo ni kosa, na linaweza kumuumiza. Kinachofaa ni kuondoa bakuli saa mbili kabla ya kulala, kisha kumtoa mara ya mwisho ninyi mkielekea kitandani.

Kiwanja

Mbwa wadogo huanza mapema sana, karibu na wiki ya nane, kushika aina ya sakafu wanayoipenda kwa haja. Wanaikumbuka kwa nyayo. Aliyelelewa juu ya magazeti atatafuta karatasi. Aliyelelewa juu ya vumbi la mbao atatafuta kitu kinachobonyea chini ya mguu. Basi swali la kwanza kwa anayekuuzia au kukupa mbwa ni hili: walikuwa wakijisaidia juu ya nini? Kama ni magazeti, tandika gazeti moja nje, ulizuie kwa mawe kwenye pembe, kisha kila siku lipunguze na uongeze vumbi la mbao juu yake hadi karatasi iishe.

Theluji kwake ni sakafu ngeni, tena sakafu inayobadilika: leo laini, kesho imeganda juu kama kioo, keshokutwa inafika tumboni. Mtoto wa mbwa mwenye miguu mifupi hawezi kuchutama kwenye theluji iliyomfika kifuani, hata angetaka. Kwa hiyo shika sepetu. Safisha kiwanja cha mita mbili kwa tatu, na njia ya kukifikia, hadi nyasi zionekane. Usikiweke chini ya ukingo wa paa ambako vijiti vya barafu huanguka, wala kando ya njia ya watu inayomwagiwa chumvi. Theluji unayoizoa usiitupe ovyo. Irundike upande unakotokea upepo, ambao kwa Minnesota majira haya mara nyingi ni kaskazini-magharibi, iwe ukuta unaofika magotini mwako. Ukuta huo unamkinga mtoto wa mbwa mzima mzima, na upepo ndio unaomchosha haraka kuliko baridi yenyewe.

Ziko mbinu mbili za kukupunguzia kazi ya sepetu. Ya kwanza ni turubai. Utabiri ukisema theluji inakuja usiku, tandaza turubai juu ya kiwanja jioni na uliwekee matofali kwenye kingo. Asubuhi unaondoa matofali, unalivuta lote na theluji yake, na chini nyasi ziko wazi. Inashindikana pale mvua ya barafu inapotangulia theluji, maana turubai hugandiana na ardhi na ukilivuta linachanika. Siku za namna hiyo tumia mbinu ya pili: mabua makavu ya ngano au vumbi la mbao, tabaka la unene wa vidole vitatu, juu ya theluji uliyoishindilia kwa miguu. Mabua hayapitishi baridi kwa kasi, na nyayo zake zinavumilia dakika moja zaidi. Dakika hiyo ndiyo unayoitafuta.

Harufu nayo hufifia kwenye baridi. Mbwa huchagua mahali pa kukojoa kwa pua, lakini harufu hupanda hewani kidogo sana wakati kila kitu kimeganda, na theluji mpya hufunika alama ya jana. Ukifuta mkojo ndani ya nyumba kwa karatasi, chukua ile karatasi ukaiweke katikati ya kiwanja chini ya jiwe. Kila unaposafisha theluji, acha kipande kimoja chenye rangi ya njano. Kinyesi, kinyume chake, kizoe kingali na joto. Kikiganda hakiachani na ardhi, na vyote ulivyoviacha vitatokea kwa pamoja Aprili.

Mlango, kisha dakika zenyewe

Kosa linaloonekana kila mahali ni kumtoa mbwa kwanza kwenye kizimba chake, yaani kijumba kidogo anacholala humo ndani ya nyumba, ndipo mtu aanze kutafuta glavu. Mtoto wa mbwa akishaamka hana dakika tatu za kukusubiri ufunge zipu. Vaa wewe kwanza: buti, koti, kofia, kurunzi ya kichwani. Kamba yake iwe imening'inizwa mlangoni, isizidi mita mbili. Zile zinazojikunja zenyewe huganda na kukwama. Zawadi zake, vipande vidogo vya kuku aliyechemshwa au nyama laini, viwe mfuko wa ndani wa koti karibu na mwili. Kwenye mfuko wa nje huganda vikawa vigumu kama kokoto, na mbwa anayetafuna kokoto haoni kuwa amezawadiwa. Glavu zinazoacha ncha za vidole wazi zinafaa kuliko zile nene.

Ukiwa tayari kabisa, mtoe kizimbani umembeba mikononi. Usimwache atembee hadi mlangoni, maana atakojoa njiani. Mweke kiwanjani, simama. Usiongee naye, usicheze naye. Kwa haja ndogo kusimama kunatosha. Kwa haja kubwa utumbo unahitaji mwendo, kwa hiyo tembea naye hatua ishirini kwenda na kurudi ndani ya kiwanja kilekile. Anapoanza kukojoa, na si kabla, sema neno lako moja kwa sauti ya chini. Liwe neno lolote, ila kila mtu nyumbani alitumie hilohilo. Baba akisema “kojoa”, watoto wakasema “twende” na shangazi akatumia Kiingereza, mbwa hasikii neno hata moja. Baada ya wiki mbili tatu neno hilo litaanza kumkumbusha haja, na kwenye baridi hakuna kifaa kinachokuokolea muda kuliko hicho.

Akimaliza, mpe zawadi palepale ndani ya sekunde mbili. Ukisubiri hadi mfike ndani atadhani amezawadiwa kwa kuingia mlangoni. Halafu subiri nusu dakika nyingine, maana baridi humfanya akatize: anatoa nusu ya mkojo, anakimbilia mlango, na nusu iliyobaki inaishia jikoni.

Muda wenyewe uwe na ukomo. Kwa mtoto wa mbwa wa kawaida, kwenye sifuri dakika kumi zinatosha. Kwenye nyuzi 10 chini ya sifuri, tano. Kwenye 18, tatu au nne. Baridi ikizidi nyuzi 25 chini ya sifuri, mbili, na umbebe kwenda na kurudi. Upepo ukiwepo, punguza tena.

Na kama muda umeisha bila haja? Hapa ndipo mafunzo ya wengi huharibika. Rudi naye ndani, lakini usimwachie. Mweke kizimbani, au mpakate, au kamba yake ifungwe kiunoni mwako, kwa dakika 10 hadi 15, kisha mtoke tena. Bado? Rudieni. Asipate sakafu huru hata dakika moja hadi akojoe nje. Inachosha, hasa safari ya tatu, lakini siku mbili au tatu za kushikilia hivyo huokoa miezi.

Kuna jambo moja ambalo huamuliwa na mbwa mwenyewe. Kama anachukia baridi, kurudi ndani ni zawadi kubwa kuliko kuku: akikojoa, mpe kipande chake na mwingie mara moja, asijute. Lakini Husky, Malamute na mbwa wengine wa manyoya mazito hupenda theluji kuliko zulia. Ukimwingiza mara tu anapokojoa, anajifunza kwamba mkojo ndio unaomaliza raha, na ataubana apate kukaa nje zaidi. Huyo akikojoa mfungulie mchezo: dakika tano za kukimbia, kisha ndani.

Nguo, nyayo na sumu

Mbwa wa manyoya mafupi wanahitaji sweta. Basenji, mbwa mwenye asili ya misitu ya Kongo ambaye jina lake lina undugu na neno letu “washenzi”, ni mfano mzuri: hodari kwa kila kitu, lakini ukungu wa asubuhi tu humkera. Kwa dume angalia sweta liishie wapi upande wa tumbo. Likifunika sehemu ya mkojo atalilowesha, litaganda, na mtarudi mwanzo. Viatu vya mbwa vinafaa ila vinafundishwa ndani kwa wiki nzima, avivae wakati wa kula, kabla ya kuvijaribu nje. Akikataa, paka nyayo nta ya mbwa, na punguza manyoya kati ya vidole kwa sababu ndiko theluji hujikusanya ikawa vidonge vya barafu.

Weka beseni la maji ya uvuguvugu mlangoni na taulo kavu. Chumvi ya barabarani huunguza nyayo, na akiilamba humchafua tumbo. Hatari kubwa zaidi ni maji ya rejeta ya gari yenye etilini glaikoli, kemikali ya kuyazuia yasigande: yana utamu, mbwa huyalamba kwa hiari, na kiasi kidogo tu huharibu figo. Ukishuku amelamba, nenda kwa daktari wa mifugo saa hiyohiyo, usingoje dalili.

Mbwa anayeinua miguu kwa zamu anakuambia nyayo zinauma, mwingize. Anayetetemeka sana, mwingize. Aliyekuwa anatetemeka kisha akaacha huku amelegea na hajali kitu, huyo yuko hatarini: mfunge blanketi na mpigie daktari. Ncha za masikio zikiwa zimepauka na baridi kama barafu, usizisugue. Tumia maji ya uvuguvugu tu.

Ndani ya nyumba

Kizimba kiwe na nafasi ya kusimama, kugeuka na kulala, basi. Kikiwa kikubwa atafanya kona moja choo na nyingine kitanda, kwa hiyo weka kizuizi na ukisogeze anavyokua. Familia nyingi za pwani na wanaofuata madhehebu ya Shafii huuliza watamweka wapi mbwa ili mahali pa kusalia pabaki twahara. Kizimba na geti dogo la kuzuia vyumba hutatua sehemu kubwa ya swali hilo, tena ndivyo mafunzo yenyewe yanavyotaka. Mbwa hapaswi kupata vyumba vyote mapema. Mwezi mzima bila ajali jikoni, ndipo afunguliwe sebule.

Ajali ikitokea ukamwona, mwite kwa upole, mwinue, mtoe. Usipomwona, safisha tu. Kumgombeza, au kumsugua pua kwenye mkojo kama wengine wanavyofanya, humfundisha kitu kimoja: asikojoe mbele yako. Na majira haya uko naye nje, mwisho wa kamba ya mita mbili, ukimwomba afanye hilohilo mbele yako. Ataubana hadi mrudi, kisha atajificha nyuma ya kochi.

Tumia dawa ya kusafishia yenye vimeng'enya, ile inayovunjavunja mkojo wenyewe. Imwagie hadi ifike kwenye sponji chini ya kapeti, iache dakika 15, ndipo ukaushe. Sabuni zenye amonia zina harufu inayofanana na mkojo na zitamwita tena. Bliichi ikikutana na mkojo hutoa hewa yenye madhara, kwa hiyo usiitumie kabisa.

Kwa wanaoishi ghorofani, lifti ndiyo adui. Mbebe kutoka kizimbani hadi nje, na usimpeleke pale mbwa wote wa jengo wanapojisaidia hadi chanjo zake zikamilike, kwa kawaida karibu na wiki ya 16. Kirusi cha pavo, kinacholeta ugonjwa hatari wa kuharisha kwa watoto wa mbwa, hakifi kwa kuganda. Theluji hukihifadhi tu. Trei yenye nyasi halisi kwenye roshani ni bora kuliko vitambaa vya kukojolea. Vitambaa vile, kwa maoni yangu, humfundisha kwamba kitu laini ndani ya nyumba ni choo, na zulia nalo ni kitu laini ndani ya nyumba. Trei hiyohiyo itakufaa siku zile ambazo idara ya hali ya hewa inawaonya watu wasitoke.

Theluji ina faida moja ambayo nyasi hazina: inaonyesha rangi. Ukiona wekundu kwenye mkojo, au madoa madogo mengi badala ya moja kubwa, hilo si suala la mafunzo. Huenda kibofu kina maambukizi, na hakuna ratiba itakayomsaidia kabla hajatibiwa.

Mwishoni mwa Machi theluji huanza kuyeyuka, na mbwa aliyekuwa haachi alama ndani kwa wiki saba ghafla anasimama kwenye tope haelewi. Sakafu yake imetoweka. Kama ulimfungulia nyasi majira yote kwa turubai au sepetu, hatashtuka. Kama alizoea theluji tupu, rundo la kivulini upande wa kaskazini wa nyumba ndilo la mwisho kuisha. Mpeleke huko wiki ya kwanza, kila siku ukisogea hatua moja kutoka kwenye rundo kuelekea kwenye nyasi, ukitumia neno lilelile na kuku yuleyule, hadi rundo liishe na yeye awe amesimama kwenye nyasi.